Caruso na Gigli: Tenori Wawili wa Italia

Tenori ni mwimbaji wa kiume mwenye sauti ya juu. Enrico Caruso alizaliwa Napoli mwaka 1873, na Beniamino Gigli, mtoto wa fundi viatu wa Recanati, mwaka 1890. Gigli alipoimba kwa mara ya kwanza katika Metropolitan Opera ya New York, Novemba 1920, haukubaki hata mwezi mmoja kabla Caruso hajaimba hapo mara ya mwisho.

Wengi walimwita Gigli mrithi, lakini sauti zao hazikufanana. Ya Caruso ilikuwa nzito na yenye kina, ikikaribia baritoni (sauti ya kiume iliyo chini ya tenori), na ndiyo sababu ilistahimili zana duni za wakati wake: huko Milan, Aprili 1902, aliimba mbele ya pembe ya kunasia sauti, bila maikrofoni, na santuri zile zikamfikisha katika nyumba za watu ambao wasingeingia kamwe katika ukumbi wa opera. Gigli alikuwa na sauti tamu, pamoja na ustadi wa kuishusha hadi karibu na mnong'ono bila kuikata, na kwa kuwa rekodi zake nyingi ni za baada ya maikrofoni kuanza kutumika mwaka 1925, msikilizaji wa leo humzoea upesi zaidi. Kasoro yake, kwa maoni yangu, ni kwikwi za kilio alizoziingiza hata pale ambapo muziki haukuzihitaji.

Caruso alifariki mwaka 1921 akiwa na miaka 48 tu. Gigli, aliyeondoka Metropolitan mwaka 1932 baada ya kukataa kupunguziwa malipo, aliendelea kuimba hadi mwaka 1955.