LibreNMS baada ya mwaka na nusu: simu ya matroni imepumzika

Kama unasimamia mtandao wa chuo utanielewa, hakuna kinachoudhi kama matroni wa bweni kukupigia "mwanangu neti hamna huku" na wewe uko ofisini unakunywa chai ukijua kila kitu kiko freshi. Miaka mitatu nimeishi hivyo. Swichi kuu moja, ruta mbili za kutokea nje, swichi za majengo 30 na kitu, na mfumo wetu wa ufuatiliaji ulikuwa ni huyo mama.

Nilianza na PRTG, programu ya kufuatilia vifaa vya mtandao, nzuri sana na kuiweka ni rahisi, ila ya bure mwisho sensa 100 (yaani vitu 100 vya kupima), sasa kila poti ukiihesabu sensa moja swichi ya poti 48 peke yake inakula karibu nusu ya hizo, na hela ya leseni kwetu ndo hivyo tena. Nikahamia LibreNMS, ya kazi hiyohiyo. Bure kabisa, ilichipuka 2013 kutoka kwenye Observium, programu nyingine ya aina hiyo, naiendesha kwenye mashine pepe ya Ubuntu yenye RAM ya GB 8 na haijawahi kuhema.

Kuinstoli jamani jipange. Ni kopi na kupesti komandi jioni nzima, PHP, MariaDB, ruhusa za mafaili, na saa za eneo zikipishana kati ya PHP na database ndo utakoma. Uzuri kuna skripti inaitwa validate.php, ukiirun inakutajia ulipokosea na mara nyingi inakupa mpaka komandi ya kurekebishia. Mimi niliirun labda mara 15 siku ile.

Ikishakaa sawa unaipa swichi kuu tu, inauliza majirani zake kwa LLDP (lugha ya vifaa kujitambulisha kwa jirani) inaanza kujaza yenyewe. Kwa SNMP, lugha ya kuuliza vifaa hali zao, tumia v2c au v3, achana na v1 maana haina kaunta za biti 64 za kuhesabu data inayopita, na kaunta ya biti 32 kwenye laini ya 1G iliyojaa inazunguka na kurudi sifuri kila sekunde 34 hivi, kwahiyo grafu itakudanganya mchana kweupe. Na lile neno la siri la kuanzia, "public", litoe, weka v3 na uruhusu IP ya seva yako tu ndo iulize.

Watu wanapenda grafu za mzigo wa laini, mimi kilichoniuza ni kurasa mbili zisizo na mvuto, errors za poti na nguvu ya mwanga kwenye SFP, kile kipande cha kuchomekea faiba kwenye swichi. Faiba ya bweni la wasichana ilikuwa inasoma -8 dBm (kipimo cha nguvu ya mwanga, kikishuka mwanga unafifia), baada ya wiki mbili -12, ikaja -16. Kumbuka ukipoteza dB 3 tu mwanga umebaki nusu, na SFP ya aina ya LX ya 1G kikomo chake cha kupokea ni -19. Neti ilikuwa inafanya kazi vizuri, hakuna aliyelalamika. Nikaenda kuangalia, nyuma ya raki mtu wa usafi kasukumiza ndoo na fagio, faiba imekunjwa kama kamba ya kiatu. Nikatoa ndoo, nikainyoosha, nikarudi zangu, -9. Matroni ananishangaa nimefuata nini na hajaniita.

Sasa jambo ambalo wengi wanachanganya, hii kitu inafuatilia tu, haibadilishi konfigi, yaani mipangilio ya kifaa. Kwa upande huo niliiunganisha na Oxidized, ambayo kila saa inaingia kwenye swichi, inachukua konfigi, na ikiwa imebadilika inaitunza kwenye git, ghala linaloweka kila toleo la zamani. Siku moja naongeza VLAN 20 (VLAN ni mtandao mdogo ndani ya mtandao) kwenye trunki, laini inayobeba VLAN nyingi, ya kwenda maktaba, nikaandika "switchport trunk allowed vlan 20" nikasahau neno "add". Wanaojua washashika kichwa. VLAN zingine zote zikang'oka, pamoja na ile ninayoingilia swichi ya maktaba yenyewe. Mikono ikaanza kutetemeka, VLAN zilizokuwepo zote sizikumbuki, nikafungua Oxidized nikakuta mstari wa saa iliyopita uko vilevile, nikaurudisha kwenye swichi kuu, dakika nne maktaba imerudi. Bila hiyo ningekuwa nakisia namba mpaka jioni. (Siku hizi naanza na "reload in 10", yaani jiwashe upya baada ya dakika 10, nikijifungia nje inajiwasha upya yenyewe na konfigi ya zamani, ilimradi hujasevu.)

Kasoro ipo na ni kubwa kidogo. Kwa kawaida inauliza vifaa kila dakika 5, maana yake laini ikikatika unaweza kujua umechelewa. Kuna namna ya kuweka ping (kuuliza tu kama kifaa kiko hai) ya kila dakika 1, iweke siku hiyohiyo usisubiri. Pia wiki ya kwanza umeme ulikatika jengo la utawala, UPS ikaisha, swichi kuu ikalala, na saa 8 usiku Telegram ikanimwagia meseji 38, kila swichi inalia kivyake. Mke wangu akauliza ni nani huyo. Kumbe unatakiwa uiambie kifaa kipi ni mzazi wa kipi, mzazi akifa watoto wananyamaza inakuja meseji moja. Haijipangi yenyewe, nilikaa nikaipanga kwa mkono, kifaa kimoja kimoja.

Ramani yake ya mtandao ni ya kawaida sana, The Dude ya MikroTik, programu nyingine ya ufuatiliaji, bado inapendeza zaidi machoni. Bosi aliomba ramani iwekwe kwenye TV ya ofisini, tukaiweka, wageni wakija anawaonyesha. Mimi asubuhi nikifika nafungua ukurasa wa errors kwanza, na leo poti 17 ya maabara imeanza kuhesabu, nadhani ni kebo iliyotafunwa na panya, naenda na krimpa nikafunge kichwa kipya.