TAHADHARI: Muuzaji wa buti na kamba za milima, Nakuru. Msimpe hata shilingi

Wale tuliokuwa pamoja Mlima Elgon mnajua tayari, na mmeshanicheka vya kutosha. Haya nawaandikia wengine, hasa walio Nakuru, Kisumu na Kakamega, kwa sababu jamaa bado anauza. Jana tu kaweka picha za mzigo mpya.

Jumamosi hutandika turubai nyuma ya Probox nyeupe karibu na stendi Nakuru, na siku za katikati hutuma vifurushi kwa matatu hadi Kisumu na Kitale. Najua nusu ya mji unaendesha Probox nyeupe. Jina lake liko kwenye OB, daftari la matukio la polisi, hapa silitaji.

Sasa nilivyoingizwa. Saa nne asubuhi, mzigo umepangwa vizuri: buti za ngozi jozi saba, mabegi mawili, karabina (pete za chuma za kuunganishia kamba) zimetungwa kwenye waya, na kamba ya rangi ya chungwa imekunjwa kama ya dukani. Nikaokota buti moja, saizi 43. Ngozi laini, imepakwa mafuta, haina mkwaruzo. Nikaigeuza. Meno ya soli yote yapo, marefu, hata vile vinyweleo vya mpira vinavyobaki kutoka kiwandani havijakatika. Hapo ndipo aliponishika. Kila anayechagua mitumba huangalia meno ya soli kwanza, na mimi ndiye nimewafundisha wengi wenu kufanya hivyo. Meno hayajalika, kiatu hakijatembea, basi ni kipya.

Akasema, "Boss, hiyo ni kamera. Tena haijatoka kwa robota. Ni stoo ya jeshi la wazungu pale Nanyuki, wanaondoa mali ya zamani." Kamera ni mtumba wa daraja la kwanza, robota ni furushi la mitumba. Na kwa nini nisiamini? Wanajeshi wa Uingereza wapo Nanyuki kweli, na kila mtu ana binamu aliyenunua jaketi linalosemekana ni lao. Akakunja kiatu kwa mikono miwili, mara moja tu, haraka, akakirudisha chini. Nilisikia harufu ya gundi nikadhani ndiyo harufu ya kiatu kipya. Pembeni mwa soli palikuwa na rangi nyeusi inayong'aa kuliko ngozi yenyewe. Niliiona. Sikuuliza.

Jozi tano kwa 3,500 kila moja, kamba ya mita 60 kwa 9,000, jumla 26,500. Nikapigania ile 500, akaguna kama mtu anayekatwa kidole, akakubali. Nikajiona mjanja. Nikaweka namba ya till ya kulipia kwa simu, likaja jina la saluni. "Ya mama watoto," akasema. Nikaweka PIN.

Buti ya kwanza ilifunguka kwenye mita 3,500 hivi, hatujafika hata mwisho wa barabara ya gari upande wa kilele cha Koitobos. Soli nzima iligeuka nyuma kama ulimi wa ng'ombe. Kabla ya giza zilikuwa tatu kati ya tano. Mvua ilikuwa imenyesha, na mnajua baridi ya kule juu ilivyo ukiwa na soksi zilizolowa.

Kilichotokea ni hiki. Kati ya ngozi na soli ya mpira kuna tabaka la sponji ngumu. Kwenye buti nyingi za milima sponji hiyo ni poliurethani, na poliurethani huozeshwa na unyevu wa hewa taratibu, iwe kiatu kinatembea au kimelala kwenye boksi. Tena kikilala ndiyo vibaya zaidi, na joto likiongezeka huoza upesi. Baada ya miaka kadhaa ya stoo, ngozi ni nzima, soli ni nzima, katikati ni makombo ya mkate mkavu. Kwa hiyo meno marefu kwenye buti ya zamani si sifa, ni onyo: imelala muda mrefu. Huyu mtu anajua. Alimimina gundi ya fundi pembeni, akapaka rangi nyeusi, akakunja mara moja tu kwa sababu angekunja mara ya tatu ingepasuka mikononi mwake. Gundi haishiki makombo. Hushika chembe za juu, nazo zikang'oka, soli yote inakwenda nazo. Dawa ni fundi atoe sponji yote hadi kwenye ngozi aweke nyingine, ikiwezekana ya EVA, ambayo haiozi kwa njia hiyo, na kazi hiyo ikifanywa vizuri inaweza kumeza bei uliyonunulia.

Ikikupata mlimani, usipoteze muda na gundi. Kata ukanda wa tyubu ya baiskeli, upitishe chini kwenye lile bonde lililo mbele ya kisigino, uvuke juu ya mguu, urudi, ufunge kifundoni. Ukanda wa pili mbele, karibu na vidole, nao ukague mara kwa mara maana mawe huukata. Kamba za viatu huisha upesi zaidi. Sisi tulishuka hivyo hadi lango la Chorlim, askari wa KWS, wale wa shirika la wanyamapori, akituangalia kama watoto wa nasari.

Ndipo nikaikumbuka kamba. Ilikuwa bado kwenye mfuko wake nyumbani, tukipanga kwenda nayo Fischer's Tower kule Hell's Gate, ule mnara wa mwamba wa mita 25. Nikakata sentimita tano, nikaziminya ndani ya ndoo ya maji hadi hewa itoke, nikaachia. Zikaelea kama ngege aliyekufa. Nailoni huzama. Kinachoelea hivyo mara nyingi ni polipropilini, kamba ya mashua, ndugu yake na zile zinazofunga boti pale Dunga, Kisumu. Kwa boti haina ubaya. Kwa mtu anayetangulia kupanda, akidondoka kamba ikiwa imefungwa chini yake, ni kaburi: hainyooki inavyotakiwa, jua huidhoofisha, na huyeyuka kwenye nyuzijoto 165 hivi wakati nailoni huvumilia hadi 220 na zaidi, kwa hiyo msuguano tu ni hatari.

Tena kwenye ncha alikuwa ameivisha plastiki iliyoandikwa EN 892 na herufi A. Sikuangalia mara mbili. EN 892 ni kiwango cha Ulaya cha kamba za kupandia zinazonyumbuka, na ncha yake huwa na namba 1 ndani ya duara kama ni ya kutumika peke yake. Herufi A ni ya EN 1891, kamba ngumu za uokoaji na mapango. Hizo mbili hazikai kwenye ncha moja. Kamba halali ya EN 892 huja na kijitabu: kwa uzito wa kilo 80 isinyooke zaidi ya asilimia 10 ikiwa imening'inia tu, nguvu ya mdondoko wa kwanza isipite kN 12 (kilonewtoni, kipimo cha nguvu), na ivumilie midondoko ya majaribio isiyopungua mitano. Nilipouliza kijitabu alisema kimelowa.

Kimelowa!

Mtu kama huyu si mfanyabiashara. Kuuza kiatu kibovu ni wizi, lakini kukaa chini, kuchapisha EN 892, kuivisha kamba ya mashua na kumuuzia mtu ukijua atajifunga nayo kiunoni, hilo ni jambo jingine kabisa. Kifungu cha 313 cha Kanuni ya Adhabu kinampa miaka mitatu kwa kujipatia mali kwa udanganyifu. Mitatu ni michache. Afungwe, turubai lichomwe, na hiyo Probox iuzwe turudishiwe pesa. Yeyote mwenye risiti ya till ile ya saluni anitafute tuandikishe malalamiko pamoja, maana mmoja mmoja anatucheka.

Dalili, kwa haraka: kidole gumba. Bonyeza sponji ya kati kwa ukucha, ikibaki na shimo, ikinata au ikitoa unga, weka chini uondoke. Kunja kiatu wewe mwenyewe mara kumi. Angalia tarehe ndani ya ulimi wa kiatu. Zetu zilikuwa zimekatwa na mkasi, zote tano. Karabina sikununua lakini nilizishika: kN zake zilikuwa kwenye stika. Halali huchongwa kwenye chuma chenyewe.

La haraka zaidi. Aliniambia kwa fahari kwamba kikundi kimoja cha Kakamega kimechukua kamba mbili kama yangu, za rangi hiyo hiyo, na kinakwenda Hell's Gate Jumapili hii. Anayewajua awapigie simu leo. Sentimita tano na ndoo ya maji, basi.