Seti ya "Mrusi" ya jukwaani: kofia sawa, fulana hapana

Seti hii inauzwa kwenye vibanda vya mavazi ya maigizo katikati ya Nairobi. Mfukoni mna kofia ya manyoya bandia, fulana nyekundu, wanasesere watano wa mbao wanaoingiana na bilauri sita ndogo. Ni Mrusi yule yule wa sinema: baridi, vodka na ujasusi. Kisumu, ambako hospitali kuu bado inaitwa "Russia" kwa kuwa ilijengwa kwa msaada wa Wasovieti, mtu angeuliza daktari yuko wapi.

Kofia imeshonwa vizuri. Inaitwa ushanka, kutokana na neno ushi, masikio. Mabawa yake hufungwa utosini na kuteremshwa baridi ikikaza, kwa hiyo mhusika aliyeketi sebuleni asiyaachie yaning'inie. Taabu ni sponji iliyo ndani: taa za jukwaa zikiwaka, jasho linaosha poda yote usoni. Fumua mshono wa nyuma, toa sponji, shona tena. Kama mchezo ni wa Urusi ya leo, ng'oa na beji ya nyundo na mundu, nembo ya Wasovieti. Muungano wa Kisovieti ulivunjika Desemba 1991.

Fulana imeandikwa "ЯUSSIA". Hiyo Я si R iliyogeuzwa, husomwa "ya", na peke yake maana yake ni "mimi". R ya Kirusi huandikwa P: Россия. Kwenye bilauri nako wamechapa "Na zdorovye" kama maneno ya kugonganisha glasi, ilhali hilo ni jibu la mwenyeji anaposhukuriwa kwa chakula. Wanaokunywa husema "Za zdorovye".

Wanasesere ndio wenye thamani, ingawa hawa wamepakwa vanishi hadi kwenye kiungio. Fundi hukereza kwanza yule mdogo asiyefunguka, kisha wengine wakimfuata kwa ukubwa, kila mmoja akibana kidogo tu. Mvua za Aprili zikifika, mbao hufura na nusu mbili hukwama. Usitumie koleo, utapasua ukingo. Waache kivulini siku mbili tatu, zungusha huku ukivuta, piga msasa laini kwenye kiungio, halafu sugua mshumaa.

Muulize muuzaji kama anakubali kuuza kimoja kimoja. Chukua kofia na wanasesere, fulana mwachie.