Kifimbo cha upepo: nyota mbili, au tatu, la, moja

Asije mtu akaniambia sijui kukitumia kifimbo hiki cha gemu. Nimekulia Nungwi, babu yangu alikuwa fundi wa vyombo, na nilijua kutofautisha kaskazi na kusi kabla sijajua kufunga kamba za viatu.

Kwa wasioijua The Legend of Zelda: The Wind Waker, ni gemu ambalo ufalme mzima wa Hyrule umezama chini ya bahari na kilichobakia juu ni visiwa tu. Wewe ni kijana wa kanzu fupi ya kijani, unazunguka humo katika mashua nyekundu inayosema kama binadamu. Mashua hiyo ndiyo inayokupa kifimbo chenyewe, kile cha kuongozea wanamuziki. Kisha kwenye kisiwa cha Dragon Roost unajifunza wimbo wa mapigo matatu: juu, kushoto, kulia. Ukimaliza, unaambiwa uchague upepo uelekee wapi katika pande nane. Siku ya kwanza nilipiga ukelele mpaka mama akatoka jikoni na mwiko mkononi. Upepo wa dunia nzima umo kiganjani mwangu!

Ile raha ilidumu saa moja, sizidishi.

Maana upepo ukiwa nyuma, mashua inaruka. Ukiwa wa omo, unaokupiga usoni, inatambaa kama kaa mgonjwa. Kwa hiyo kila ukitaka kugeuka kidogo tu, utoe kifimbo, upige mapigo yako matatu, halafu ukae umtazame kijana akiurudia wimbo ule ule tangu mwanzo, eti hujaupiga wewe sasa hivi. Ndipo uchague upande. Ndipo utazame upepo ukigeuka. Unakwenda kidogo, unaona kisiwa pembeni, haya, toa kifimbo tena. Nilijaribu kubisha, yaani kuukata upepo kwa mshazari, kushoto kulia, kushoto kulia, kama inavyobisha ngalawa yoyote ya mvuvi wetu ikirudi pwani. Sikuona faida yoyote. Mashua yenye akili ya kusema haijui kubisha. Kubishana ndiyo inajua sana.

Hayo ningeyavumilia. Kilichonitia wazimu ni pedi, ile ya mkononi ya kuchezea gemu.

Mashine ya gemu niliinunua iliyokwisha kutumika, GameCube, pamoja na ile sidi yake ndogo kama kisahani cha kikombe. Muuzaji alikula yamini kwamba kila kitu kizima. Sasa mapigo ya kifimbo yanapigwa kwa kile kijiti cha njano upande wa kulia wa pedi, na changu kimelegea. Nikisukuma kushoto, gemu linasoma chini. Nikisukuma kulia, siku nyengine linasoma kulia, siku nyengine linasoma linavyotaka lenyewe. Nimeuharibu wimbo mara sijui ngapi. Mara moja nilikuwa nimeshika njia nzuri, upepo nao ndio kwanza umekaa sawa, kimbunga kikanizoa kikanitupa huko nisikokujua. Kuugeuza upepo nirudi, mapigo matatu tu, nilijaribu mara tisa. Mapigo matatu, jamani! Wimbo anaoweza mtoto wa chekechea!

Nikarudi dukani. Muuzaji hata macho hakuyatoa kwenye simu. "Gemu la kizamani hilo, kaka, nunua jipya." Nikamwambia sikuja kununua, nimekuja kwa sababu aliapa. Nikamwonesha kijiti, nikamweleza habari ya upepo, na hapo labda nilikosea. Akanitazama kuanzia miguuni. "Si upepo tu unautaka? Piga mluzi."

Watu watatu dukani walicheka. Mmoja namjua, tunasali msikiti mmoja.

Humo kwenye gemu kuna vyura wawili ndugu, miungu wa upepo, wanaokaa juu ya mawingu. Mmoja, Cyclos, ndiye mwenye vile vimbunga, na kisa chake ni kwamba jiwe lake la ukumbusho limevunjika. Dawa yake ni kumpiga mishale mpaka atulie, naye akitulia anakufundisha wimbo wa kukuhamisha mbali kwa kimbunga. Zamani nilimwona mpumbavu, mungu mzima kukasirikia jiwe. Tangu siku ile ya dukani, namwelewa.

Binamu yangu aliyeko Muscat ana toleo la 2013, la mashine ya Wii U. Akanipigia kunicheka: huko kuna tanga jipya, linanunuliwa mnadani, spidi yake maradufu, na ukilipandisha upepo unakuja wenyewe nyuma yako. Kumbe! Yaani waliotengeneza kifimbo walijua kinachosha, wakaona dawa ni tanga lisilokihitaji. Nyota moja. Nilikuwa nimeshaamua nyota moja.

Juzi akaja ami. Ami alikuwa nahodha wa jahazi miaka mingi, sasa magoti yamekataa. Akasimama nyuma yangu, akauliza ninafanya nini. Nikamwambia nageuza upepo. Akanyamaza. Halafu akasema wao walipokuwa vijana chomboni walikatazwa kupiga mluzi, wasije wakauita upepo wasiouweza, na hapa anaona mtu anauita kwa kijiti. Nikasubiri anicheke. Akauliza, "Na tangambili je, ipo humo?" Nikamwambia haipo, ami, upepo humo haugeukigeuki, unakaa ulipouweka. "Basi hiyo siyo bahari," akasema, akavuta kiti.

Pedi ile ile mbovu, wallahi, mapigo matatu, mara ya kwanza tu yakakubali. Tanga likajaa. Ami akasema "Aaah", kama mtu aliyenywa maji ya mtungi baada ya futari. Nyota tatu basi. Nne, ukimtoa yule wa dukani.

Sasa saa saba usiku. Ami ameuelekeza upepo kusini-magharibi, ambako hakuna chochote, anakwenda tu, na nikimwomba pedi anasema nisubiri kidogo.