Utrasaundi ya wiki za mwisho Kinondoni: mashine nzuri, karatasi pungufu

Kwa mama aliye kwenye wiki za mwisho anayetaka utrasaundi bila kumaliza asubuhi nzima kwenye foleni, kituo hiki kidogo cha binafsi upande wa Kinondoni kina mashine nzuri na mpimaji mwenye mkono mtulivu. Nyota 3 kati ya 5. Zilizopungua zimepotelea kwenye karatasi ya majibu.

Kipimo chenyewe huchukua dakika 20 hivi, si zile dakika 5 za kutajiwa jinsia na kufutwa jeli. Hupimwa mzunguko wa kichwa cha mtoto, mzunguko wa tumbo lake na urefu wa mfupa wa paja. Tumbo hurudiwa mara 3, maana likikosewa, uzito wote unapotoka. Maji ya uzazi hutafutwa katika robo zote nne, na jumla ya sentimita 5 hadi 25 ndiyo inayokubalika. Chini ya nyonga ya kulia wanaweka mto ili mama aegemee kushoto, kwa sababu mfuko wa uzazi wa miezi minane ukikandamiza mshipa mkubwa wa damu, mama huona kizunguzungu na kutoka jasho. Hapo wanastahili pongezi. Ila mapokezi bado wanamwagiza kila mtu anywe lita ya maji na abane mkojo. Hiyo ni kanuni ya mimba changa. Mwenye wiki 36 anateswa bure.

Sasa karatasi. Mstari wa kondo la nyuma unasema: liko juu, gredi ya 3, lina chokaa. Basi. Mama anatoka na hilo neno chokaa, na kabla hajafika kituo cha daladala shoga yake ameshamwambia kwa simu kwamba mtoto anakosa hewa.

Gredi hizo, 0 hadi 3, za ukomavu wa kondo, zilipangwa na mtafiti Grannum na wenzake mwaka 1979. Gredi ya 0, kondo ni kijivu kimoja, laini. Ya 1 ina vitone vyeupe vilivyotawanyika. Katika ya 2, upande wa mtoto unaanza kubonyea kama alama za mkato, na weupe unajitokeza upande wa ukuta wa mfuko wa uzazi. Ya 3, mibonyeo imefika hadi ukutani na kondo limegawanyika kama pande za chungwa, kila pande na ukingo wake mweupe. Weupe huo ndio chokaa yenyewe, yaani chumvi za kalsiamu. Katika wiki ya 38 au 39 huo ni uzee wa kawaida wa kondo, na peke yake haumpeleki mtu chumba cha upasuaji. Ikionekana gredi ya 3 kabla ya wiki ya 36, na zaidi kabla ya 32, ifuatiliwe, hasa kwa mwenye presha au mvuta sigara, kwa kuwa huweza kuambatana na mtoto asiyekua vizuri. Hata hivyo wapimaji wawili wanaweza kulitazama kondo lile lile wakatoa gredi mbili.

Kwa hiyo gredi isiyo na umri sahihi wa mimba haisemi kitu, na hapa ndipo kituo kinapokosea zaidi. Karatasi inaandika umri ambao mashine imeukokotoa siku hiyo kutokana na ukubwa wa mtoto. Kadi ya kliniki ikisema wiki 36 na mashine ikasema 33, inaandikwa 33, na uzito unaitwa wa kawaida. Wakati huo watoto wameshatofautiana miili, na makadirio yanaweza kupishana na ukweli kwa hadi wiki 3. Umri wa kushika ni wa picha iliyopigwa kabla ya wiki ya 14. Kama picha hiyo inathibitisha 36, kondo halina la ajabu. Wa kuangaliwa ni mtoto, ambaye udogo wake mashine imeuficha kwa kumpunguzia umri.

Kinachofuata ni dopla (kipimo cha mwendo wa damu) ya mshipa wa kitovu. Damu inatakiwa iendelee kwenda kwenye kondo hata moyo wa mtoto unapopumzika kati ya mapigo. Ikikatika au kurudi nyuma, mama aende hospitali siku hiyo hiyo. Mashine ya hapa inayo dopla, lakini haiwashwi mpaka uombe, tena hulipiwa kando. Uliza kabla ya kulipa dirishani.

Ushauri wa mdomo wa pale mapokezi upuuzwe kabisa: eti acha maziwa, dagaa na vidonge vya kalsiamu. Chokaa ya kondo haitoki kwenye sahani. Shirika la Afya Duniani linapendekeza gramu 1.5 hadi 2 za kalsiamu kwa siku kwa wajawazito wa maeneo yenye lishe haba ya kalsiamu, ili kupunguza hatari ya kifafa cha mimba. Hata udongo wa sokoni hausingiziwi hapa. Una kesi zake, upungufu wa damu ikiwemo.

Ukienda, beba kadi ya kliniki na picha ya kwanza, na umwombe mpimaji aandike umri kwa picha hiyo. Mtoto akipunguza kucheza, damu ikitoka, au kichwa kikiuma na macho kuona ukungu, usije hapa kupima. Nenda moja kwa moja wodi ya wazazi. Na majibu yachukue kwa mkono: picha wanayotuma kwa WhatsApp hukata ukingo wa chini, palipo na jina na saini ya mpimaji.