Ubalozini au ubalozi mdogo, upangiwe wapi?

Kama umeshaingia kwenye udiplomasia na unaulizwa unataka kupangiwa wapi, usichague kwa jina tu. Ubalozi kwa kawaida uko mji mkuu na kazi yake kubwa ni siasa: vikao, hafla za jioni (ambazo kusema kweli ni kazi tu iliyovaa tai), halafu usiku unaandika ripoti ya kutuma wizarani. Ubalozi mdogo (konseli) ndo kwenye watu wenyewe, yani pasipoti zimepotea, raia wenu kakamatwa anataka kukuona, maiti inatakiwa irudishwe nyumbani na ndugu wanapiga simu kila saa na hospitali bado haijatoa karatasi, hapo hotuba haikusaidii kitu.

Na kinga haziko sawa, wengi hili hawalijui. Mkataba wa Vienna wa 1961 unasema mwanadiplomasia hakamatwi kabisa, ila ule wa 1963 unaruhusu ofisa wa konseli, yani wa ubalozi mdogo, akamatwe kwa kosa kubwa mahakama ikiamua, na kinga yake mahakamani ni kwa mambo ya kazi tu.

Mi ningeanza ubalozi mdogo, japo ubalozini balozi anakuona kila siku na kwenye kupanda cheo hilo sio dogo.