Saa ya ukutani inayojirekebisha kwa redio: tathmini kutoka Göteborg

Saa hii imetundikwa jikoni kwangu, Göteborg nchini Uswidi, tangu mwezi wa Februari, na kwa kuwa imepita kwenye baridi na kiangazi naona sasa naweza kuieleza kwa haki. Ni saa ya kawaida ya akrabu tatu na betri moja, lakini ndani yake mna antena fupi inayosikiliza kituo cha DCF77 kilichoko Mainflingen, kusini-mashariki ya Frankfurt, Ujerumani, nayo hujirekebisha bila kuguswa na mtu.

Huduma ya kituo hicho ndiyo iliyonivutia kuinunua. Wimbi la kilohezi 77.5 hurushwa kwa nguvu ya kilowati 50, likiongozwa na saa za atomu zinazosimamiwa na PTB, taasisi ya taifa ya vipimo ya Ujerumani. Kila sekunde nguvu ya wimbi hupunguzwa kwa muda mfupi sana, ama sehemu moja ya kumi ya sekunde ama mbili, na mfuatano wa mapunguzo hayo ndio unaotaja dakika, saa, tarehe, mwezi na mwaka. Sekunde ya mwisho ya dakika huachwa bila punguzo, ili saa ijue kwamba dakika mpya inakuja. Usiku wa Jumapili ya mwisho ya Machi, Ulaya inaposogeza saa mbele, niliamka nikakuta akrabu zimeshahamia mahali pake, na nilifurahi kwa dhati.

Lawama yangu iko kwenye kijitabu cha maelezo. Mtengenezaji anasema kwamba mawimbi hufika kilomita 2,000, kisha ananyamaza, kana kwamba mtu wa kilomita 200 na mtu wa kilomita 900 wananunua kitu kimoja. Aliye karibu hupata wimbi linalosafiri juu ya uso wa ardhi, nalo humtosha usiku na mchana. Göteborg iko takriban kilomita 870 kutoka mnarani. Katika umbali wa kilomita 600 hadi 1,100 hivi, wimbi la ardhini huwa limedhoofu, na wimbi la pili, lililopanda angani likarudishwa chini, huweza kufika likiwa na nguvu inayolingana nalo. Mchana hurudishwa kutoka kimo cha kilomita 70 hivi, ambako mionzi ya jua huzibandua elektroni kutoka kwenye hewa. Usiku tabaka hilo la chini hutoweka, na wimbi hupanda hadi kilomita 90 hivi kabla ya kurudi. Njia inapobadilika urefu, mawimbi hayo mawili huweza kusaidiana au kufutana, na saa ikakosa cha kusikia kwa robo saa au zaidi.

Kwa wiki za mwanzo nilikuwa nikibonyeza kitufe cha kutafuta mawimbi wakati wa magharibi, nirudipo kazini, na mara nyingi saa ilishindwa. Nilipoiacha ijitafutie yenyewe saa nane usiku, ilifanikiwa karibu kila siku. Sisi tuliolelewa kuhesabu saa kuanzia macheo na machweo tunapaswa kulielewa jambo hili upesi kuliko wengine: anga la juu nalo hubadilisha tabaka zake jua linapochomoza na linapotua. Ucheleweshaji wa wimbi linalopitia angani, ukilinganishwa na la ardhini, haufiki hata sehemu moja ya elfu ya sekunde, kwa hiyo saa inapolinasa haikosei kwa namna ambayo jicho lingeona. Shida ni kulinasa tu.

Mahali pa kuitundika pana uzito pia. Karibu na runinga haikupata kitu. Ukutani kando ya dirisha, mgongo wake ukielekea kusini, imetulia.

Saa ya pili ya aina hiihii nilimpelekea shangazi yangu Tanga, na hilo lilikuwa kosa. Alinipigia simu akasema, "Mwanangu, saa yako imesimama saa sita kamili, haiendi mbele wala nyuma." Ilikuwa imepeleka akrabu zake kwenye 12, kama zifanyavyo saa hizi zikitiwa betri, na kungoja wimbi la kituo kilicho zaidi ya kilomita 6,000. Hata kama lingefika, lingemletea saa ya Ujerumani. Tuliirekebisha kwa kitufe cha nyuma, naye anaitumia kama saa yoyote ya betri, ila tangu hapo imeshasogea dakika nzima.

Kwa aliye Ujerumani au nchi jirani, ainunue bila wasiwasi. Aliye mbali kama mimi aiache usiku mzima kabla ya kuirudisha dukani, na wa Afrika Mashariki atafute saa nyingine.